Ua la Usambara: Nasaha kwa Mwenye Kutaka Kulikuza

Hamu ya mwanadamu ya kumiliki mmea usiokuwamo katika bustani ya jirani yake ni ya kale sana, wala haikuanza na Wazungu wa juzi, kwani katika karne ya 15 kabla ya kuzaliwa Nabii Isa malkia Hatshepsut wa Misri alituma marikebu mpaka nchi ya Punt, na mafundi wake wakachonga katika kuta za hekalu lake, pale Deir el-Bahri, sura za miti ya manukato ikichukuliwa na mizizi yake ndani ya vikapu. Sisi wa pwani hii hatuna haja ya kwenda mbali hivyo kutafuta ushahidi, maana mkarafuu wenyewe, ambao hapana awezaye kuitaja Unguja na Pemba asiutaje, ni mgeni aliyetoka visiwa vya Maluku, akapitia visiwa vilivyokuwa vya Wafaransa katika Bahari ya Hindi, ndipo akatufikia mwanzoni mwa karne ya 19. Lakini safari hizi hazikuwa za kuja tu. Kuna mmea mdogo, usiozidi shibiri moja kwa urefu, uliotoka katika majabali ya Usambara na sehemu za karibu na Tanga, ukaenea ulimwenguni hata leo ukakaa katika madirisha ya Stockholm na Chicago, ilhali katika nyumba nyingi za Tanga kwenyewe haupo. Wajerumani huuita urujuani wa Usambara, Waingereza huuita urujuani wa Afrika, ingawa kwa nasaba hauna udugu wowote na urujuani wa Ulaya.

Madhumuni ya maneno haya ni kukuongoza wewe, msomaji, uupate mmea huo kwa njia ya halali, uukuze kwa afya, na uuzidishe. Mwenye papara ya kutaka kujua maji kiasi gani na jua kiasi gani atanisamehe nikianza na habari za watu na za milima, kwa sababu nimeona kwamba aghalabu ya makosa ya wenye kuupanda yatokana na kutojua ulikotoka na jinsi ulivyotolewa.

Kwa kadiri ya kumbukumbu zilizoandikwa, wa kwanza kuupeleka kwa wataalamu wa ilimu ya mimea alikuwa Sir John Kirk, balozi wa Uingereza katika Unguja, tabibu aliyefuatana na Livingstone katika safari ya Zambezi, na ambaye kule Mbweni alijitengenezea bustani ya miche ya kigeni. Yeye alipeleka sampuli yake katika bustani ya mimea ya Kew, huko Uingereza, mwaka 1884. Mwaka 1887 akafuata Kasisi W. E. Taylor, mmisionari wa Mombasa, yule yule ambaye wapenzi wa lugha yetu wanamjua zaidi kwa kukusanya methali za Waswahili. Walakini sampuli zao hazikuwa kamili kiasi cha kumwezesha mtaalamu kuubainisha mmea na kuupa jina, basi zikakaa. Ndipo mnamo mwaka 1892 Baron Walter von Saint Paul-Illaire, mtawala wa Kijerumani wa wilaya ya Tanga, alipompelekea baba yake huko Silesia mbegu za ua hilo. Na baba mtu, aliyekuwa mpenzi mkubwa wa miti na maua, akaziotesha, akampa mimea hai Hermann Wendland, msimamizi wa bustani za kifalme za Herrenhausen mjini Hannover, naye mwaka 1893 akautangaza kwa jina la Saintpaulia ionantha, ili baba na mwana wakumbukwe. Mwaka huo huo ukaonyeshwa katika maonyesho ya maua ya Ghent, Ubelgiji, na baada ya hapo kampuni ya mbegu ya Ernst Benary, ya mjini Erfurt, ikaanza kuueneza kwa wanunuzi.

Ajabu ya mambo haya ni kwamba heshima ilimwendea wa tatu, si kwa sababu alikuwa na macho makali kuliko waliomtangulia, bali kwa sababu alituma kitu chenye uhai. Nami sijaona katika masimulizi hayo, yanayorudiwa vitabu kwa vitabu, jina la mwenyeji hata mmoja aliyeonyesha njia ya kufika majabalini, kana kwamba maofisa wale walitembea msituni peke yao.

Haya mapya ya Marekani nitayapitia upesi. Mwaka 1926 bustani ya biashara ya Armacost na Royston mjini Los Angeles iliagiza mbegu kutoka Ujerumani na Uingereza, ikaotesha miche takriban elfu moja, ikachagua kumi tu iliyoridhisha, na mmoja katika hiyo kumi, ulioitwa Blue Boy, ukawa ndio mzazi wa vizazi vingi vya rangi na maumbo mengine. Mwaka 1946 wapenzi wa mmea huo wakakutana Atlanta kwa maonyesho yao ya kwanza, wakaunda chama kilichopo hata leo. Lipi katika hayo linakuhusu wewe? Ni hili: mmea utakaouziwa dukani Nairobi au Dar es Salaam, wenye maua ya tabaka tabaka, meupe au ya waridi yenye kingo zilizojikunja, ni mjukuu wa vitukuu wa mbegu chache zilizotoka kwetu, uliozoeshwa maisha ya dirishani kwa zaidi ya miaka mia moja, na kwa hiyo ni mwepesi kufugwa kuliko nduguye aliyebaki jabalini. Anayeanza na aanze na huo wa dukani, asione haya.

Sasa twende majabalini kwa fikra, kwani huko ndiko kuliko na kanuni zote za utunzaji. Mmea huu haupandi miti wala hauoti katika shamba lililo wazi. Katika Usambara ya Mashariki makao yake ni miamba yenye kivuli chini ya miti mirefu, mara nyingi kando ya vijito, penye kuvumwani na mboji kidogo iliyojikusanya katika nyufa. Huko Tanga, na huko Kaloleni nyuma ya Mombasa, jamaa zake hushika katika mawe ya chokaa. Na wengine wako Mbololo katika milima ya Taita, wengine Nguru, wengine Uluguru. Wataalamu walikuwa wakihesabu aina nyingi zenye majina mbalimbali, kisha wakazipunguza, na mwaka 2015 wakazihamisha zote na kuzitia katika kabila kubwa la Streptocarpus. Mabishano hayo tuwaachie wenyewe. Linalotuhusu ni kwamba katika makao yote hayo hali ni moja: mwanga upo lakini jua kali halipo, unyevu upo hewani lakini maji hayatuami, na udongo ni haba na mwepesi, hata mizizi haina mahali pa kuzama, ikajifunza kutambaa juu juu.

Tuanze na mwanga. Mpe dirisha linalotazama mashariki, apate jua changa la asubuhi mpaka kiasi cha saa tatu, kisha kivuli chenye nuru kwa mchana uliosalia. Na kama huna dirisha hilo, ukumbi au baraza yenye paa ni bora kuliko uani. Uangalie pia kwamba sisi tulio karibu na ikweta jua halikai upande mmoja mwaka mzima, maana mwezi wa Juni hupita kaskazini na mwezi wa Desemba hupita kusini, basi kizingiti kilichokuwa kivuli katika kipupwe chaweza kuwa tanuri katika kaskazi, na mwenye busara huhamisha vyungu vyake kabla majani hayajaungua. Majani yenyewe yatakwambia hali yao: yakirefuka vikonyo na kuelekea juu, yanataka nuru, yakipauka na kujibana chini juu ya chungu, yamepata kupita kiasi. Watu wa Ulaya huwasha taa za umeme ili siku zao fupi za baridi zifikie urefu unaotakiwa, lakini kwetu, ambako mchana ni saa kumi na mbili au karibu na hapo mwaka mzima, taa hizo ni gharama bure.

Joto ni taabu ya watu wa pwani, na baridi ni taabu ya watu wa Lushoto. Mmea huu hustarehe baina ya digrii 18 na 26. Hewa ikipita 30 kwa siku nyingi hukataa kuchanua, na usiku ukishuka chini ya 15 husinyaa. Kwa hiyo aliye Mombasa au Bagamoyo auweke chini, karibu na sakafu ya saruji, mahali penye upepo wa kupita, na chungu chake kikae juu ya changarawe zilizomo ndani ya sinia yenye maji kidogo, maji yasiguse tako la chungu; naye aliye milimani auondoe dirishani usiku wa mwezi wa Juni na wa Julai.

Kuhusu udongo, tupa mazoea ya mchicha na mbilingani. Udongo mzito wa shamba, na hasa samadi mbichi, ndio kifo cha haraka cha mmea huu. Chukua vumbi la usumba mafungu mawili, mboji ya majani yaliyooza barabara fungu moja, mchanga wa mtoni fungu moja, na makaa yaliyopondwa kiasi cha gao, uchanganye mpaka upate kitu ambacho ukikifumbata mkononi kikiwa na unyevu hushikamana, na ukikigusa tena hufumuka. Lakini hadhari hapa, wewe mtu wa pwani: usumba wetu aghalabu hutokana na makumbi yaliyofukiwa ufukoni mpaka yakalainika, na chumvi ya bahari imo ndani yake, basi uloweke katika maji matamu, uyamwage, uuloweke tena, mpaka maji yanayotoka ukiyaonja yasiwe na ladha ya chumvi. Chungu nacho kisiwe kikubwa. Kipimo kizuri ni theluthi ya upana wa mmea: majani yakienea shibiri nzima kutoka ncha hata ncha, chungu chenye upana wa theluthi ya shibiri chatosha, kwani mizizi hii mifupi hushindwa kuunywa unyevu wa chungu kikubwa, na udongo usionyweka huoza.

Sasa maji, na hapa ndipo watu wengi huua kwa mapenzi. Usimwagilie kwa ratiba ya siku. Tia kidole juu ya udongo, na kikitoka kikavu, weka chungu ndani ya sahani ya maji kwa muda wa nusu saa, kisha ukiinue kichuruzike, na maji yaliyosalia uyamwage. Maji yawe ya vuguvugu la hewa ya chumba. Ninalisisitiza hili kwa sababu katika nyumba zetu mna mtungi, na maji ya mtungi, yaliyo raha kwa kiu ya mtu, ni baridi kuliko hewa. Yakidondoka juu ya jani lenye vinyweleo lililopata joto la mchana, chembe za ndani hufa, na jani hubaki na mabaka na mizunguko ya rangi ya manjano isiyofutika tena. Maji ya mvua ndiyo bora kuliko yote. Maji ya kisima chenye chumvichumvi huacha ukoko mweupe katika ukingo wa chungu, na vikonyo vinavyoegemea hapo huoza mahali pa kugusana.

Mbolea ni jambo dogo. Mbolea ya maji ya dukani, iliyozimuliwa mpaka robo ya kipimo kilichoandikwa, mara mbili kwa mwezi, na usiitie katika udongo mkavu.

Ukikaa na mmea wako miezi kadhaa katika hali hiyo utachanua, na baada ya kuchanua itakujia tamaa ya kuuzidisha, jambo ambalo Mwenyezi Mungu amelifanya rahisi mno. Chagua jani la safu ya katikati, lisiwe changa la moyoni wala kongwe la ukingoni, ulitenge na shina kwa kulisukuma upande, kisha kwa wembe uliopitishwa motoni ukate kikonyo kwa mshazari, ubakize kiasi cha nyanda mbili. Likae saa moja jeraha likauke. Ulichomeke katika mchanganyiko ule ule, ulioongezwa mchanga, mpaka nusu ya kikonyo, na ulifunike kwa bilauri au kwa chupa ya maji iliyokatwa kitako, uweke kivulini. Baada ya wiki tatu au nne huota mizizi, na baada ya miezi miwili au mitatu utaona vijani vidogo kama masikio ya panya vikichomoza chini ya kikonyo. Navyo vikifika theluthi ya ukubwa wa jani mama, vitenge kimoja kimoja, maana katika jani moja hutoka miche mitatu, minne, na pengine zaidi. Maua huja miezi sita hadi tisa tangu kulichomeka jani.

Iko aina moja isiyotii kanuni hii, nayo ni ile yenye maua ya mistari inayotoka katikati kuelekea ncha, ambayo tishu zake ni za asili mbili zilizokaa pamoja katika mwili mmoja. Jani lake litakuzalia mmea wenye afya, lakini rangi aghalabu haitakuwa ile. Hiyo huzidishwa kwa vichipukizi vya ubavuni, na kwa ajili hiyo huuzwa ghali. Muuzaji akikuletea jani la aina hiyo na kuahidi maua ya mistari, mlipe bei ya jani la kawaida.

Mbegu ni kazi ya mwenye subira. Ua hili halina asali ya kumvutia nyuki. Lina chavua tu, iliyofungiwa ndani ya vifuko viwili vya manjano, na huko msituni nyuki hulishika ua na kutetemesha mwili wake mpaka chavua ikatoka kwa tundu. Dirishani hapana nyuki mwenye hiari hiyo, basi wewe pasua kifuko kwa ncha ya sindano, uipangushe chavua katika kidole cha kike kilichojitokeza upande wa kulia au wa kushoto wa ua. Tumba la mbegu hukaa miezi minne na zaidi kabla halijakauka. Mbegu ni laini mfano wa vumbi. Zinyunyize juu ya udongo wala usizifukie, kwa kuwa hutaka nuru ili zimee. Miche itakayotoka haitafanana, na hapo ndipo itakapokubidi kufanya kama wale wa Los Angeles, yaani kukuza mingi na kubakiza michache, kazi ambayo wenye huruma hawaiwezi.

Maradhi yake makubwa ni mawili. Moyo ukilegea na kugeuka kahawia, ni maji yaliyozidi, na dawa ni kuokoa majani mazima na kuanza upya. Majani ya katikati yakidumaa, yakakunjana na kuwa magumu, ni utitiri usioonekana kwa macho, na mmea huo uutoe nyumbani siku hiyo hiyo. Wadudu weupe wenye kufanana na pamba hufutwa kwa kijiti kilichochovywa katika spiriti.

Imebaki mas'ala ya mimea ya porini, ambayo mkusanyaji yeyote, akisha kuwa na kumi ya dukani, ataitamani. Wajerumani walianzisha chuo chao cha uchunguzi wa kilimo na mimea pale Amani, katika Usambara ya Mashariki, mwaka 1902, wakapanda bustani kubwa ya miti ya dunia nzima, na msitu ulioizunguka ulitangazwa hifadhi ya asili mwaka 1997. Nenda ukaione; chukua kiongozi wa hapo, ambaye atakupeleka mpaka kwenye jabali ambalo ua lenyewe limelishika, nawe utafahamu kwa mtazamo mmoja mambo ambayo kurasa hizi hazikuweza kuyaeleza. Lakini usichume hata jani. Mbali na kwamba sheria ya hifadhi yakataza kutoa mmea pasipo kibali, iko hesabu iliyo wazi: makao mengine ya maua haya ni jabali moja au bonde moja, na aina iliyokaa jabali moja haina akiba mahali pengine; ukataji wa miti juu yake tu, unaoingiza jua, watosha kuifuta bila mkono wa mtu kuigusa. Aina za asili hupatikana kwa wakuzaji walioziotesha kwa jani na kwa mbegu vizazi na vizazi, na muulize muuzaji, bila haya, ameupata wapi mmea wake wa kwanza.

Amani hiyo hiyo inatufundisha na upande wa pili wa jambo hili. Miongoni mwa miti iliyoletwa na kupandwa Usambara ya Mashariki umo Maesopsis, mwenyeji wa misitu ya magharibi ya nchi, na hondohondo wakayapenda matunda yake, wakazitawanya mbegu mpaka ndani ya msitu wa asili, ukaota kila penye uwazi na kugombania nafasi na wenyeji. Basi chochote cha kigeni utakachokipenda, kabla hujakipanda ardhini, chunguza kama kina matunda yapendwayo na ndege, na kama mbegu zake zinaota zenyewe chini ya mama yao. Na ikiwa ndivyo, kiache chunguni au usikilete.

Mwisho, weka daftari. Kila chungu kiwe na kibao chenye namba, na kila namba iwe na mstari wake daftarini: jina la aina, tarehe ya jani, na mtu aliyekupa. Ukitaka kumpelekea ndugu aliye mbali, kata jani lenye kikonyo kirefu kuliko ada, uzungushie mwisho wake pamba iliyoloweshwa na kukamuliwa, uifunge pamba kwa kipande cha nailoni, jani lenyewe libaki kavu. Kisha ulilaze ndani ya kopo la plastiki lililotandikwa karatasi laini, uandike namba na jina juu ya karatasi hiyo kwa penseli, kwa kuwa wino huyeyuka kwa unyevu. Jani lililofungwa hivyo litastahimili safari ya basi kutoka Tanga mpaka Mwanza, na anayelipokea alikate upya ncha ya kikonyo kabla ya kulichomeka.